Kutoka Jukwaani Hadi Sinema Bubu

Ndugu msomaji, ukipata nafasi, nenda ukasimame katika soko la Muthurwa, jijini Nairobi, saa za jioni watu wanapotoka kazini. Utasikia kelele za kila namna. Makondakta wa matatu huita abiria, wauzaji wa mitumba hutaja bei, na wasukuma mikokoteni huomba njia. Sasa ziba masikio yako kwa vidole, utazame tu. Sauti zitapotea, lakini habari hazitapotea zote. Utamjua muuzaji kwa namna anavyokunjua nguo na kuipeperusha. Utamjua mnunuzi anayejifanya hana haja na nguo hiyo, kwa maana atageuza bega huku jicho limebaki nyuma. Na mama aliyepotelewa na mtoto katikati ya umati utamjua kabla hujaambiwa neno. Uso husema, na mikono husema.

Nimeanza na soko hili kwa sababu insha hii yahusu sanaa iliyojengwa juu ya jambo hilo moja, yaani sinema isiyo na sauti, ambayo huitwa sinema bubu. Nataka tumtazame mwanamke mmoja aliyetoka jukwaani, alikokuwa akiimba na kucheza mbele ya watu, akaingia katika sinema ya namna hiyo, na ambaye kazi yake kubwa aliifanya katika nchi yetu ya Kenya. Jina lake ni Osa Johnson. Tukimfuata yeye tutajifunza pia jambo ambalo halikuwa katika nia yake kutufundisha.

Kwanza yafaa tujue sinema bubu ilikuwa kitu gani. Tarehe 28 Desemba 1895, ndugu wawili wa Kifaransa, Auguste na Louis Lumière, walionyesha picha zinazokwenda mbele ya watu waliolipa kiingilio mjini Paris. Tangu hapo hadi mwisho wa miaka ya 1920, picha za sinema karibu zote zilikuwa hazisemi. Mpiga picha alizungusha kamera kwa mkono. Katika kila futi moja ya ukanda mlikuwa na picha ndogo 16, na mpiga picha mwenye mkono mtulivu alizungusha kwa kadiri ya picha 16 kwa sekunde. Kwa hiyo, ukanda wenye urefu wa futi 1000 ulikwisha kwa muda wa dakika 16 na ushei. Ilipolazimu kueleza neno, picha ilikatwa, yakatokea maandishi juu ya kitambaa cheupe, watazamaji wakasoma, kisha picha ikaendelea. Sauti pekee katika nyumba ya sinema ilikuwa ya piano au ya wapiga muziki wengine waliokaa chini ya kitambaa.

Fikiri basi hasara iliyompata mwigizaji wa jukwaani alipoingia katika kazi hii. Jukwaani, sauti ndiyo mali yake. Sarah Bernhardt wa Ufaransa, aliyezaliwa mwaka 1844, alisifiwa katika dunia nzima kwa sauti yake. Mwaka 1912 alitokea katika sinema akiigiza maisha ya Malkia Elizabeth wa Uingereza. Alikuwa amepita umri wa miaka 65. Kamera iliwekwa mbali naye kama mtazamaji aliyekaa kitini, naye akainua mikono na kuanguka juu ya mito kama alivyozoea kufanya mbele ya ukumbi mkubwa. Watu walikwenda kumtazama kwa wingi, hata katika Marekani, lakini sauti yake haikuwamo. Walimwona Sarah Bernhardt, hawakumsikia.

Wengine walikuja wakiwa vijana, wakaujifunza upesi ufundi mpya. Mary Pickford alikuwa jukwaani tangu utoto wake. Mwaka 1909 aliingia katika kampuni ya sinema iliyoitwa Biograph, mjini New York. Kamera ilisogezwa karibu na uso wake, naye akatambua kwamba jicho likipepesa kidogo tu hutosha mahali ambapo jukwaani angehitaji kuinua mkono mzima. Lakini angalia jambo hili, maana tutalirudia: katika miaka ile kampuni hiyo haikutangaza majina ya waigizaji wake. Watu walizipenda nyuso pasipo kujua za nani. Hapo palikuwa na hesabu ya fedha, kwa kuwa mtu asiye na jina hawezi kudai mshahara wa mtu mashuhuri. Pickford alipolipata jina lake, alilitumia vizuri hata mwaka 1919 akawa mmoja wa watu wanne walioanzisha kampuni yao wenyewe, United Artists. Kumbe katika sinema bubu, ambamo kila mtu amepoteza sauti, jina ndilo lililomtenganisha aliyepata na aliyekosa.

Sasa tumrudie Osa. Alizaliwa mwaka 1894 katika mji mdogo wa Chanute, jimbo la Kansas, Marekani. Baba yake alikuwa mtumishi wa reli. Mwaka 1910, akiwa na umri wa miaka 16, aliolewa na Martin Johnson. Kijana huyo alikuwa amerudi kutoka bahari ya Pasifiki, alikosafiri katika jahazi la mwandishi Jack London tangu mwaka 1907, na sasa alikuwa akiwasimulia watu habari za safari yake huku akiwaonyesha picha. Osa aliacha nyumba ya wazazi wake, akamfuata mumewe katika maisha ya mji leo na mji kesho.

Kwa muda wa miaka saba walifanya kazi katika majukwaa ya vodivili. Hiyo ilikuwa michezo mifupi mifupi iliyochanganywa katika usiku mmoja: mchekeshaji, mwimbaji, mfanya viinimacho, mbwa waliofundishwa, na kadhalika. Martin alieleza picha zake, na Osa aliimba nyimbo za Hawaii na kucheza michezo ya huko, amevaa mavazi ya visiwani. Si kazi ya kudharau. Katika vodivili mchezaji alipewa dakika chache tu, na kama watu hawakupendezwa naye walimwonyesha waziwazi. Msichana wa Kansas alijifunza hapo kusimama mbele ya macho ya wageni bila kutetemeka, na kujua wakati wa kucheka na wakati wa kutulia.

Mwaka 1917 waliziweka akiba zao katika safari ya visiwa vya Pasifiki, wakiwa na kamera ya sinema. Katika kisiwa cha Malekula, ambacho leo ni sehemu ya nchi ya Vanuatu, walikutana na chifu Nihapat na watu wake. Picha walizopiga zilionyeshwa Marekani mwaka 1918, na Osa akaonekana ndani yake. Hivyo ndivyo mwimbaji alivyoingia katika sinema isiyoweza kuimba. Mwaka 1919 wakarudi Malekula, wakatundika kitambaa, wakawaonyesha Nihapat na watu wake picha zao wenyewe. Likumbuke tendo hilo, msomaji, kwa maana lilikuwa jema: aliyepigwa picha alipewa nafasi ya kuitazama.

Kisha wakaja kwetu. Safari yao ya kwanza katika Afrika Mashariki ilianza mwaka 1921, na picha yake ikatoka mwaka 1923. Safari ya pili, iliyo kubwa zaidi, ilikuwa kati ya miaka 1924 na 1927. Vifaa vyao vilikuja kwa meli hadi Mombasa, kisha kwa garimoshi hadi Nairobi, mji ambao reli iliufikia mwaka 1899. Huwezi kuandika habari za sinema hizi pasipo kuwataja watu wa reli, kwani kila kamera na kila kopo la ukanda lilipita katika mikono yao. Muthurwa, kabla haijawa na soko kubwa na kituo cha matatu, ilijulikana kwa nyumba zilizojengwa wakati wa ukoloni kuwa makao ya Waafrika waliofanya kazi ya reli. Waliofungua mabehewa, waliopakua masanduku na waliotia makaa katika injini ni watu wa jamii hiyo ya wafanyakazi.

Kutoka Nairobi akina Johnson walielekea kaskazini hadi mlima Marsabit. Huko, ndani ya shimo la volkano ya kale lililozungukwa na msitu, pana ziwa ambalo wao waliliita Paradiso. Kando ya ziwa hilo walijenga kijiji cha nyumba za udongo na nyasi, pamoja na chumba cha giza cha kusafishia picha. Tembo, nyati na faru walifika kunywa maji, na Martin akawapiga picha.

Hapa ndipo tunapoona jinsi kazi ya Osa ilivyobadilika. Mwenye kamera ya siku zile alihitaji mkono mmoja wa kuzungusha na mwingine wa kuigeuza kamera ifuate mnyama. Hakubakiwa na mkono wa kushika bunduki. Kwa hiyo Osa alisimama karibu naye, bunduki tayari, akimlinda mumewe. Mara nyingine alitoka mbele ya kamera, akasogea karibu na mnyama ili watazamaji waone ukubwa wake na hatari yake. Alikuwa mlinzi na mwigizaji kwa wakati mmoja. Alikuwa pia mpishi, mvuvi na msimamizi wa bustani ya mboga. Yale aliyojifunza katika vodivili hayakupotea. Kusimama imara ukitazamwa na ukumbi uliojaa watu, na kusimama imara ukitazamwa na faru, ni mambo mawili tofauti, lakini yote mawili yahitaji magoti yasiyogongana.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Osa Johnson alikuwa mwanamke hodari. Wakati ambapo wanawake wengi wa nchi yake walitarajiwa kukaa nyumbani, yeye alionekana katika nyumba za sinema akifanya kazi ngumu mbali na kwao. Wasichana waliomtazama walijifunza kwamba ujasiri si mali ya wanaume peke yao. Tena yeye, tofauti na Pickford wa siku za mwanzo, alikuwa na jina. Lilipigwa chapa kwa herufi kubwa mlangoni mwa nyumba ya sinema pamoja na la mumewe.

Mwaka 1928 ikatoka picha yao mashuhuri kuliko zote za safari hiyo. Iliitwa Simba. Litafakari jina hilo, ndugu msomaji. Ni neno la Kiswahili, neno letu, na lilibandikwa katika miji ya Marekani na watu wasiojua Kiswahili. Katika picha hiyo wamo wapagazi, wafuatao nyayo za wanyama, na vijana wanaokabili simba kwa mikuki. Bila hao pasingekuwa na picha. Lakini uso wa mtu wa Kenya ulipoonekana, maandishi yaliyofuata hayakuwa maneno yake. Yaliandikwa na wengine, mbali na hapa, na mara nyingi yalimfanyia mzaha ili watazamaji wacheke. Yeye hakuulizwa alifikiri nini, wala hakutajwa jina.

Je, hawakuwa na majina? Walikuwa nayo. Katika vitabu vyao, akina Johnson wamemtaja mtu mmoja aliyewaongoza, ambaye jina lake waliliandika Boculy. Walimsifu kwamba alijua mienendo ya tembo kuliko mtu yeyote waliyepata kumwona, na kwamba ndiye aliyewaongoza hadi ziwani. Basi tazama: mtu aliyejua njia amebaki katika kurasa chache za kitabu, na walioonyeshwa njia ndio waliotangazwa milangoni.

Hapo ndipo ninapotaka uelewe jambo kuu la insha hii. Husemwa kwamba sinema bubu iliwanyamazisha watu wote sawasawa. Si kweli. Osa alinyamazishwa kwa muda wa picha tu. Picha ilipokwisha alipanda jukwaani, akawasimulia watu kwa kinywa chake mwenyewe. Na sinema ilipoanza kusema, baada ya picha ya The Jazz Singer ya mwaka 1927 kuonyesha kwamba jambo hilo lawezekana, akina Johnson nao walichukua mitambo ya sauti. Picha yao iitwayo Congorilla, iliyotoka mwaka 1932, ilikuwa na sauti zilizochukuliwa katika Kongo. Humo Osa anaonekana katika msitu wa Ituri akicheza pamoja na Wambuti kwa muziki wa jazi. Mchezaji wa vodivili alikuwa amerudi kwenye mchezo wake. Lakini mzaha dhidi ya wenyeji haukukoma kwa kuja kwa sauti. Kumbe ububu haukuwa katika mashine peke yake. Ulikuwa pia katika moyo wa mwenye mashine.

Martin Johnson alifariki mwezi wa Januari 1937, kwa ajali ya ndege katika jimbo la California. Osa aliumia vibaya, lakini akaendelea kuhutubia watu akiwa bado amekaa katika kiti cha magurudumu. Mwaka 1940 alitoa kitabu cha maisha yake, I Married Adventure, kikanunuliwa sana. Alifariki mwaka 1953. Katika mji wake wa Chanute kuna jumba la makumbusho lenye jina lake na la mumewe. Jina lake limehifadhiwa.

Labda utaniuliza: watu wa Afrika Mashariki wangefanya nini siku zile, ambapo mashine zote zilikuwa mikononi mwa wageni? Ni swali la haki, nami nitakujibu kwa mfano. Mwaka ule ule wa 1928, Simba ilipokuwa ikionyeshwa Marekani, mwanamke mmoja wa Unguja alipanda meli kwenda Bombay. Alikuwa Siti binti Saad, aliyezaliwa katika kijiji cha Fumba, katika jamaa maskini, na aliyepata kuuza vyungu kabla ya kuwa mwimbaji. Huko Bombay sauti yake ilitiwa katika sahani za santuri. Mashine haikuwa yake, na kampuni haikuwa yake. Lakini lugha ilikuwa yake, nyimbo zilikuwa zake na za wenzake, na watu wa pwani na wa bara walipoizungusha sahani walijua wanayemsikiliza ni nani. Alifariki mwaka 1950, na Shaaban Robert akaandika wasifu wake.

Waweke wanawake hawa wawili pamoja, nawe utaona mizani ya mwaka huo mmoja. Osa aliingia katika chombo kinachoonyesha uso na kuiacha sauti. Siti aliingia katika chombo kinachobeba sauti na kuuacha uso. Kila chombo kilitwaa kitu na kutoa kitu. Lakini wote wawili waliingia na majina yao, ndiyo maana mimi leo naweza kukuandikia habari zao. Wale vijana wenye mikuki waliomo katika Simba wana nyuso zinazoonekana hata leo, wanatembea, wanacheka, wanafuta jasho. Nasi tunawatazama kama mtu anayetazama soko huku ameziba masikio. Twaona kwamba wanasema. Hatusikii wanalosema.

Haya si mambo ya zamani tu. Siku hizi kila kijana mwenye simu ana kamera mkononi iliyo na uwezo ambao Martin Johnson hakuuota kando ya ziwa lake. Unaweza kupita Muthurwa ukampiga picha msukuma mkokoteni, ukaandika chini yake maneno ya kuchekesha, na watu elfu wakacheka kabla jua halijatua. Ukifanya hivyo, umefanya lile lile lililofanywa na walioandika maandishi ya Simba, wala huwezi kujitetea kwamba wewe ni mwenyeji.

Kwa hiyo nakupa kazi mbili. Ya kwanza: kila utakapoona picha ya kale ya nchi yetu, usiishie kumtazama aliyetajwa. Tafuta aliyesimama kando, uliza alikuwa nani, na nani aliandika maneno yaliyo chini yake. Ya pili: katika mtaa wako wamo wazee waliofanya kazi katika reli, bandarini, au katika nyumba za watu, au wamo watoto wao wanaokumbuka. Nenda ukawasalimu, ukae, uwaombe wakusimulie. Kabla hujaandika jambo lolote lingine, andika jina la mtu huyo kama yeye mwenyewe anavyolitamka, kisha msomee ulichoandika, akurekebishe. Nihapat wa Malekula aliwekewa kitambaa akajiona. Mzee wako naye apewe nafasi ya kujisikia.